Ziara ya Bulange, Lubiri na Kasubi: je, mgeni hutoka akijua kwa nini Kabaka bado yupo?

Ufalme wa Buganda uliwahi kupoteza ikulu, ardhi, bunge na Kabaka, yaani mfalme, mwenyewe ndani ya miaka miwili, na baadaye nyumba ya makaburi yake ikateketea. Bado upo. Kwa anayetaka kujua jambo kama hilo huwezekanaje, hakuna darasa zuri Afrika Mashariki kuliko Kampala, maana maeneo makuu yanayosimulia habari hiyo yote yako jijini na siku moja inatosha kuyapitia: Bulange linapokaa baraza la Buganda, barabara ya kifalme, ikulu ya Lubiri pale Mengo, na makaburi ya Kasubi.

Wageni wengi hupelekwa huko kupiga picha. Tathmini hii inatumia kipimo kingine. Rwanda iliacha ufalme mwaka 1961. Tanganyika ilifuta mamlaka ya machifu mwaka 1963. Sultani wa Zanzibar alipinduliwa Januari 1964, Burundi ikamwondoa mwami, mfalme wake, mwaka 1966, na Uganda ikafuta falme zake zote kwa katiba ya 1967. Kati ya hao wote, ni Uganda pekee iliyorudisha, mwaka 1993, tena haikurudisha zote: Ankole, yenye historia ndefu ya watawala wake, ilimtawaza John Barigye mwaka huohuo na serikali ikakataa kumtambua. Ziara nzuri ni ile inayokufanya uelewe tofauti hiyo. Kwa kipimo hicho, Kasubi inafaulu vizuri sana, Bulange inafaulu kama utauliza maswali, na Lubiri inakuacha njiani.

Mpangilio ni muhimu. Waongozaji wengi huanzia Kasubi kwa kuwa ndiyo yenye jina kubwa. Anza Bulange, shuka Lubiri, malizia Kasubi. Ukifanya kinyume utaingia katika nyumba ya makaburi bila kujua waliolala humo walifanya nini, na mambo makubwa utakayoambiwa yatapita juu ya kichwa.

Bulange ni jengo la miaka ya 1950, lina ngao, mikuki na simba wa Buganda, na ndani yake kuna ukumbi wa Lukiiko, baraza la Buganda. Jeshi lililikalia baada ya 1966 na likarudishwa kwa Buganda baada ya falme kurejeshwa. Ziara yenyewe ni fupi; saa moja inatosha: ukumbi, picha za wafalme, maelezo ya koo na wanyama au mimea ambayo kila ukoo unaiheshimu na hauruhusiwi kuila. Lukiiko kwa kawaida hukutana Jumatatu, na siku ya kikao ukumbi hautazamwi kwa utulivu, kwa hiyo chagua siku nyingine.

Hapo kwenye koo ndipo pa kumsimamisha mwongozaji. Buganda hakuna ukoo wa kifalme. Watu wa kawaida hurithi ukoo wa baba, lakini mtoto wa Kabaka kwa desturi huhesabiwa upande wa mama yake. Maana yake ni kwamba ukoo wowote ambao binti yake aliolewa na Kabaka ulikuwa na tumaini la kumzaa mfalme ajaye, na hakuna ukoo uliokuwa na sababu ya kuuona ufalme kuwa mali ya wengine. Ongeza na hili: mwana wa kwanza, anayepewa cheo cha Kiweewa, hatakiwi kurithi kiti. Mwaka 1888, katika vurugu za vita vya dini, desturi hiyo ilivunjwa na Kiweewa akawekwa kitini. Hakumaliza hata mwaka. Waongozaji wengi hutaja koo 52 kama idadi ya kukariri. Uliza zilishikamanaje na kiti cha ufalme, na utapata nusu ya jibu uliloendea.

Nusu ya pili ni ardhi, nayo Bulange haionyeshi vya kutosha. Mkataba wa Machi 1900 kati ya Uingereza na Buganda uliandikwa Kabaka Daudi Chwa akiwa mtoto mdogo, wakubwa watatu wakitawala kwa niaba yake, Apolo Kagwa akiwa mbele. Uligawa ardhi kwa hati, ikipimwa kwa maili za mraba, ndiyo sababu mpaka leo inaitwa mailo. Kabaka aliandikiwa maili za mraba 350, na machifu pamoja na wakubwa wengine maelfu kadhaa kwa jumla. Mkataba huo uliwageuza wakubwa wa Buganda kuwa wenye hati, na mtu mwenye hati haondoki kirahisi kwa amri. Pia ulipanda mgogoro ambao haujaisha hadi leo kati ya mwenye hati na mkulima aliyeikuta familia yake hapo. Ziara inayosimulia kuhusu ngoma na mikuki bila kugusa mailo imemficha mgeni mhimili wa uchumi wa ufalme huu, na hilo ndilo pungufu kubwa tunaloliona Bulange.

Kutoka Bulange hadi Lubiri kuna barabara iliyonyooka ya karibu maili moja, Kabakanjagala. Itembeeni kwa miguu. Gari litawapotezea maana yake. Kandoni kuna alama za koo, na katikati kuna mzunguko wenye geti ambalo Kabaka peke yake hupita akinyoosha, wakati magari ya wengine wote yanazunguka. Serikali ya Uganda haikumpa Kabaka mamlaka juu ya barabara wala polisi, lakini magari ya jiji zima yanapinda pale.

Lubiri ni kiwanja kikubwa chenye ukuta juu ya kilima cha Mengo, ambacho Mwanga II alikifanya makao yake mwaka 1885. Lango kuu huitwa Wankaaki. Tafuta moto unaowaka karibu na lango, usiupite kama moto wa walinzi: ni moto wa kifalme, huwashwa Kabaka anapotawazwa na huzimwa anapoondoka duniani. Waganda, watu wa Buganda, hawasemi Kabaka amekufa, husema moto umezimika. Jengo kuu, Twekobe, hutazamwa kwa nje tu, kwa sababu ni makazi rasmi. Mtu aliyelipa akitegemea kuona vyumba na viti atasikitika. Afadhali ajue mapema.

Tatizo la Lubiri ni jinsi muda unavyogawanywa. Sehemu kubwa ya ziara huishia kwenye handaki lililochimbwa ubavuni mwa kilima, lililojengwa kama ghala la silaha wakati wa Idi Amin kisha likawa mahali pa mateso na mauaji. Ni mahali pazito na pa kweli, na inafaa paonwe: vyumba vya zege visivyo na hewa, mlango mmoja, ujia uliokuwa ukijazwa maji yenye umeme ili asitoroke mtu. Baadhi ya maandishi ya ukutani yanamtaja Milton Obote, aliyetawala tena baada ya Amin, ushahidi kwamba mateso hayakuisha Amin alipoondoka. Lakini mgeni hutoka hapo akiwa na Amin kichwani, na yaliyotokea Lubiri yenyewe tarehe 24 Mei 1966 yanapewa sentensi mbili.

Siku hiyo ndiyo kiini cha mahali hapa. Kabaka Muteesa II alikuwa Rais wa Uganda tangu Oktoba 1963, na Milton Obote alikuwa Waziri Mkuu. Mtu mmoja alibeba taji la watu wake na urais wa watu wote, na hakuna katiba iliyoweza kumpa njia ya kutumikia vyote viwili pale maslahi yalipogongana, kama yalivyogongana katika kura ya 1964 kuhusu kaunti ambazo Bunyoro, ufalme jirani, ilikuwa ikizidai kutoka Buganda. Rais alitakiwa kutia saini kile Kabaka asichoweza kukubali. Mapema mwaka 1966 Obote alisimamisha katiba na kujitwalia urais. Lukiiko likaitaka serikali yake iondoke katika ardhi ya Buganda. Jeshi likiongozwa na Amin likaishambulia ikulu. Muteesa alitoroka kwa kuruka ukuta wakati mvua kubwa ikinyesha, akapita Burundi hadi London, akafia huko Novemba 1969. Mwombe mwongozaji akuonyeshe ukuta kabla hamjaenda handakini. Ukisimama pale utaelewa kwa nini katiba ya sasa imemweka Kabaka mbali kabisa na siasa za vyama.

Mtu mwenye nguvu za kutembea aende pia kwenye Ziwa la Kabaka, si mbali na Lubiri. Mwanga alilichimbisha kwa mikono ya raia katika miaka ya 1880, na kazi hiyo ya kulazimishwa ni mojawapo ya mambo yaliyomchosha kila mtu hadi akapinduliwa 1888. Hapana tiketi wala maelezo mengi, ila panakumbusha kwamba utii wa Waganda una mpaka.

Sasa Kasubi. Iko kilomita tano hivi kaskazini-magharibi mwa katikati ya jiji, na foleni inaweza kuzigeuza kuwa saa nzima, kwa hiyo nenda baada ya chakula cha mchana, kabla watu hawajaanza kurudi nyumbani. Tenga saa mbili. Eneo zima ni hekta 26 na zaidi kidogo, na sehemu kubwa bado ni mashamba yanayolimwa, jambo ambalo watu hawalitarajii katika eneo la Urithi wa Dunia.

Huingia kwa Bujjabukula, nyumba ya lango iliyoezekwa kwa nyasi, ambako walinzi hukaa. Hapo ndipo unapopimwa mavazi. Wanawake wavae sketi ndefu au gauni, au wafunge kitenge juu ya suruali. Wanaume wasivae kaptula. Beba kitenge chako mwenyewe. Ukipita lango unakutana na nyumba ya ngoma za kifalme, Ndoga-Obukaba, kisha uwanja wa mviringo wenye ua wa matete na nyumba za wanawake wanaotunza makaburi. Mbele yako inakuwa Muzibu-Azaala-Mpanga, nyumba kuu ya makaburi.

Muteesa I aliijenga mwaka 1882 kama ikulu, akazikwa humo 1884. Kipenyo chake kwa nje ni mita 31, kimo cha ndani mita 7.5, na paa linashuka karibu kugusa ardhi. Ukiwa ndani tazama juu: kuna pete 52, kubwa chini zikipungua kuelekea kileleni, moja kwa kila ukoo. Sasa yale maelezo ya Bulange yanakaa mahali pake, kwa sababu koo hazikuchorwa tu darini, zimegawiwa kazi. Ukoo wa Ngeye ndio wenye haki ya kuezeka. Ukoo wa Ngo hushughulikia mapambo. Nguo ya gome inayozungushwa kwenye nguzo na kutundikwa kama pazia ni kazi ya kurithi ya ukoo wa Ngonge, chini ya fundi mkuu anayeitwa Kaboggoza. Gome hubanduliwa kwenye mti wa mutuba wakati wa mvua, shina likafungwa majani ya migomba ili lipone na lizae gome jingine, kisha gome hupondwa kwa nyundo za mbao chini ya kivuli, maana jua likilikausha haraka hupasuka. Mti uliotunzwa vizuri huvunwa tena na tena kwa miaka mingi.

Nyumba hii ni kifaa cha kufanyia kazi kuliko sanamu ya kumbukumbu. Nyasi haziishi milele, kwa hiyo lazima Ngeye waitwe tena. Pazia huchakaa, lazima Ngonge waitwe tena. Ufalme ambao makaburi yake yamejengwa kwa jiwe unaweza kusahauliwa na watu wake kwa miaka mia na jengo likabaki. Huu hauwezi. Kila kizazi kisipofanya zamu yake, paa linaanguka.

Paa la nyasi huharibika kwa njia zinazojulikana. Kuba huwa na mteremko mkali pembeni na mdogo kileleni, na ni kule juu maji yanapokawia na kuanza kuozesha. Matita yakipangwa kwa unene usiolingana, tabaka hukaa na mashimo ya maji huonekana ndani kama madoa meusi. Moshi wa kuni hukausha nyasi na kufukuza wadudu, lakini moto ndio huohuo unaoimaliza nyumba. Usiku wa tarehe 16 Machi 2010 Muzibu-Azaala-Mpanga iliteketea. UNESCO, iliyokuwa imeiorodhesha mwaka 2001, ikaiingiza katika orodha ya urithi ulio hatarini mwaka huohuo wa moto, na ikaiondoa humo Septemba 2023.

Kwa nini miaka kumi na tatu? Wageni hukasirishwa na jibu la “kulikuwa na taratibu”, lakini ndilo jibu sahihi. Kila hatua ina mwenye haki ya kuianza na ibada yake; waezekaji wenye ujuzi walikuwa wachache na ilibidi vijana wafundishwe; matengenezo ya 1938 yalikuwa yameshaingiza nguzo za zege, kwa hiyo swali la kurudi kwenye asili ipi lilihitaji kujibiwa; na mfumo wa kuzimia moto, uliosaidiwa na fedha za Japani, ulipaswa kuwapo kabla ya kuziamini tena nyasi. Fedha nyingine zilitoka kwa raia wenyewe. Kampeni ya Ettofaali, iliyoanzishwa 2013 na Katikkiro (waziri mkuu wa Buganda) Charles Peter Mayiga, ilizunguka wilaya kwa wilaya ikipokea michango mikubwa na midogo kwa ajili ya Kasubi na jengo la Masengere. Ukipata mwongozaji anayejua hatua za ujenzi, msikilize mpaka mwisho. Hakuna sehemu ya ziara iliyo bora kuliko hiyo.

Nyuma ya pazia la gome kuna Kibira, msitu mtakatifu, ambako hakuna mgeni anayeingia. Mbele yake zimewekwa alama za wafalme wanne: Muteesa I, Mwanga II, Daudi Chwa II na Muteesa II. Kabla ya Muteesa I, taya la Kabaka lilitenganishwa na mwili na kuhifadhiwa katika nyumba yake pekee, kila mfalme na kilima chake. Yeye alizikwa mzima, ndani ya ikulu yake, na waliomfuata wakaletwa alipo. Wawili kati ya hao wanne walifia uhamishoni. Mwanga, aliyepigana na Waingereza, alikamatwa 1899, akafia Ushelisheli 1903 na mwili ukarudishwa 1910. Muteesa II alirudishwa kutoka London mwaka 1971, na aliyeruhusu ni Idi Amin, kamanda yuleyule wa Mei 1966, kwa sababu mtu anayetaka kutawala Uganda alihitaji Waganda wamwone amemrudisha Kabaka wao. Wakati huo ufalme ulikuwa umefutwa kwa sheria miaka minne, na mazishi hayo yalionyesha sheria imefika wapi na imeishia wapi.

Kuhusu adabu ndani: vua viatu, keti kwenye mkeka, wanawake wakikunja miguu upande mmoja, na usivuke mstari wa mikuki. Uliza kuhusu picha kabla hujatoa simu mfukoni. Kuna kikapu cha sadaka, toa unachoweza. Kabla ya kupanga safari, piga simu kujua kama ndani kunaingilika siku hiyo, maana ibada na ukarabati huweza kuufunga mlango, na Kasubi ya nje peke yake ni nusu ya Kasubi.

Maswali mawili ya kumwachia mwongozaji mwishoni, kwa kuwa mara nyingi hayamo katika maelezo yake. La kwanza: Kabaka Ronald Muwenda Mutebi II, aliyetawazwa Julai 1993, anafanya kazi gani kisheria? Ibara ya 246 ya katiba ya 1995 inamnyima mamlaka ya utawala na ya kutunga sheria, inamkataza siasa za vyama, na inasema hakuna raia anayelazimishwa kumtii wala kumchangia. Hawezi kutoza kodi. Ufalme unaishi kwa pango la ardhi, biashara kama redio ya CBS, na hiari, na mbio za kila mwaka za siku yake ya kuzaliwa zimewahi kukusanya watu na fedha kwa ajili ya magonjwa kama selimundu na fistula. La pili: kwa nini CBS ilifungwa Septemba 2009 na kurudi hewani mwaka uliofuata? Jibu linapitia safari ya Kabaka kwenda wilaya ya Kayunga iliyozuiwa na serikali, na linaonyesha mstari kati ya utamaduni na siasa ulivyo mwembamba pale mfalme anapotaka kwenda kuwasalimu watu wake.

Mengine ya kiutendaji. Mweleze mwongozaji mapema unataka Kiswahili, kwani wengi huongoza kwa Kiganda na Kiingereza. Uliza bei ya Waafrika Mashariki kabla ya kulipa, na kama tiketi inahusu eneo moja au zaidi. Boda ni ya haraka kati ya Mengo na Kasubi, ila kwa sketi ndefu gari ni salama zaidi. Ukiwa na nusu siku ya ziada, Naggalabi huko Buddo, kando ya njia ya Masaka, ndipo Kabaka hutawazwa. Wamala, alikozikwa Suuna II, inaonyesha utaratibu wa kabla ya Kasubi, na huwa na wageni wachache kiasi kwamba mtunzaji atakuwa na muda wa kukujibu kila unachouliza.